Kitenge Kilicholoa: kisa cha mkojo ulioziba baada ya kizazi kutolewa

Nilipoingia zamu asubuhi ile, wanawake wa wodi walikuwa wamekwisha kutoa hukumu bila kumngoja daktari: mama wa kitanda cha dirishani ametobolewa kibofu. Ushahidi wao ulikuwa kitenge chake. Kililoa tangu saa 4 usiku. Mkamwana wake alifua cha kwanza, akafua cha pili, na sasa cha tatu kilikuwa kimeloa naye hana cha nne. Mama mwenyewe alikuwa amejigeuzia ukutani, hataki chai, hataki kusemeshwa.

Bukavu, mashariki mwa Kongo, ni mji unaoijua fistula, yaani tundu kati ya kibofu na uke linalovujisha mkojo. Hospitali ya Panzi imekuwa ikishona matundu hayo kwa miaka mingi tangu ilipoanzishwa mwaka 1999, na Dokta Denis Mukwege alipopewa Nobel ya Amani mwaka 2018, sokoni Kadutu neno hilo halikuhitaji mkalimani. Ujuzi huo ni neema, ila una kivuli chake. Mwanamke akitoka chumba cha upasuaji akaanza kuvuja, mawazo ya kila mtu, sisi wauguzi tukiwamo, yanakimbilia tundu. Mawazo ya daktari kijana wa zamu nayo yalikimbilia huko. Aliandika kwenye fishi, karatasi ya mgonjwa, kwamba anashuku kibofu kimejeruhiwa, akaagiza kipimo cha bluu ya metileni, rangi inayotiwa kibofuni kuonyesha kama panavuja. Hakukosea kushuku. Alikosea pa kuanzia.

Hospitali yetu si Panzi, na sitaitaja. Nimebadilisha pia mambo machache ya mama huyu ili asitambulike.

Alikuwa na miaka 52, watoto 8, mkulima wa Idjwi. Alivuka Ziwa Kivu kwa mashua kuja kutibiwa kizazi kilichoshuka, na kilikuwa kimeshuka kweli: akisimama kilitokeza nje, akilala kilirudi. Alifanyiwa upasuaji wa kutoa kizazi kupitia ukeni, kisha ukuta wa mbele wa uke, ule unaobeba kibofu, ukakazwa kwa nyuzi. Alichomwa sindano ya mgongo. Alirudi wodini na seramu (dripu) mkononi, sondi ya Foley namba 16, yaani mpira wa mkojo unaokaa kibofuni, na bendeji ndefu ukeni ya kuzuia damu. Daktari mpasuaji hakuandika tatizo lolote. Mkojo kwenye mfuko ulikuwa safi, hauna damu, na hilo nilikuja kulikumbuka baadaye kwa shukrani.

Siku ya kwanza, saa 12 na nusu asubuhi, muuguzi wa usiku alitoa bendeji na sondi kabla ya kukabidhi zamu. Ndivyo tulivyozoea. Saa 4 na nusu, kwenye mzunguko wa madaktari, mama aliulizwa: «Umekojoa?» Akajibu: «Ndiyo, kidogo.» Fishi ikaandikwa kwa Kifaransa kwamba amekojoa, ikafungwa.

Nimelirudia neno hilo «kidogo» mara nyingi. Kwa mama aliyefundishwa tangu utoto kwamba mambo ya chini hayasemwi mbele ya wanaume, «kidogo» linaweza kuwa vijiko viwili. Hakuna aliyeuliza ni kidogo cha kiasi gani, hakuna aliyempa chombo cha kupimia. Mchana aliambiwa anywe maji kwa wingi, akanywa. Jioni alisema tumbo ni zito, akapewa tramadoli kwa sababu kila mtu alidhani ni maumivu ya kidonda. Saa 4 usiku kitenge kikaloa.

Sasa tufanye hesabu ambayo ingetosha kutuonya bila chombo chochote. Figo za mtu mzima anayekunywa vizuri hutengeneza takriban mililita 1 ya mkojo kwa kila kilo ya mwili kwa saa. Mama huyu alikuwa na kilo 58. Tuseme 60 kwa saa. Tangu sondi itolewe hadi mimi kufika kitandani saa 2 asubuhi ya siku ya pili zilikuwa zimepita saa 25 na nusu. Hiyo ni kama lita moja na nusu. Kibofu huanza kubisha hodi kikiwa na mililita 150 hadi 250, na kwa watu wengi 400 hadi 600 ndiyo shibe yake. Kama alichotoa ni vijiko viwili hapa na vitatu pale, pamoja na kile kilicholowesha vitenge, iliyobaki iko wapi?

Iliyobaki ilikuwa mahali pake. Niliomba ruhusa, nikaweka kiganja chini ya kitovu. Palikuwa na uvimbe wa duara, mgumu kiasi, uliopanda hadi karibu na kitovu. Nikagonga kwa kidole: sauti nzito, ya debe lililojaa. Nilipobonyeza kidogo mama akashtuka, na kitenge kikaloa zaidi. Kwangu kipimo kilikuwa kimeisha, lakini fishi haiandikwi kwa viganja. Nikamwomba mkamwana ashuke famasi anunue sondi ya Nélaton namba 12, ile ya kuingiza na kutoa papo hapo. Huku kwetu sondi, glavu na sindano hununuliwa na gardemaladi, ndugu anayemuuguza mgonjwa, na ndiyo sababu moja, tusidanganyane, ya muuguzi kusita kuingiza sondi ya pili: anaona familia inavyohesabu faranga kwenye ncha ya kitambaa.

Ikatoka mililita 1,150. Tuliiacha itoke yote mfululizo. Zamani tulifundishwa kubana mpira kila baada ya mililita chache eti mgonjwa asizimie au kibofu kisitoe damu. Siku hizi mafundisho ni kwamba kuchelewesha hakumkingi na lolote. Tulimpima presha tu, ikawa sawa. Kufikia mililita mia tano au sita mama aligeuka kutoka ukutani. Ilipofika elfu moja aliomba chai.

Ubishi wa asubuhi ile uliishia kwenye jambo moja dogo. Tundu la fistula humwaga kibofu: mkojo hauna haja ya kungoja, unapita, na kwa kawaida ukiingiza sondi unapata kidogo au hupati kitu. Kibofu kilichoziba hufanya kinyume. Kimejaa hadi mdomoni, na kinachozidi ndicho kinachodondoka, kama pipa chini ya bomba lililoachwa wazi. Kitenge kinaloa vilevile. Ukitazama kitenge peke yake huwezi kujua, na wodi nzima ilikuwa ikitazama kitenge. Kuna hali ya tatu, ya mrija wa figo, ule unaoshusha mkojo kibofuni, kujeruhiwa: huyo anavuja mfululizo na bado anakojoa kama kawaida, kwa kuwa figo ya pili inajaza kibofu vizuri.

Daktari kijana hakufuta bluu yake, na alikuwa na haki. Mtu anaweza kuwa na kibofu kilichojaa na tundu pia. Mpangilio tu ndio ulibadilika: kwanza mwaga, kisha tafuta. Ukiingiza bluu kwenye kibofu ambacho tayari kimefurika, itatoka kupitia njia ya kawaida, itatapakaa ukeni, na utasoma tundu lisilokuwepo. Tulisukuma mililita 200 za maji ya chumvi yenye bluu kupitia sondi, tukaweka kompresi (vitambaa vya shashi) tatu ukeni, moja juu ya nyingine, taratibu kwa sababu ya nyuzi, mama akatembea na mkamwana kwenye korido kwa robo saa. Ya juu ikiwa na bluu, shuku kibofu. Ya juu ikiloa mkojo usio na bluu, shuku mrija wa figo. Ya chini tu ikiwa na bluu, huenda ni mkojo uliopita njia yake ukarudi nyuma. Zilitoka zote tatu bila bluu na bila mkojo, na doa la damu kuukuu kwenye ya mwisho.

Basi kwa nini kiliziba? Ya kwanza kushukiwa ni sindano ya mgongo, na kweli dawa yake hulaza mishipa ya fahamu inayotoka sehemu ya chini kabisa ya uti wa mgongo, ile inayoongoza kibofu, na kibofu huamka baada ya miguu. Mgonjwa anatembea huku kibofu bado kimelala. Lakini dawa hiyo inahesabiwa kwa saa, nayo ilikuwa imekwisha zamani. Tramadoli ilichangia, kama dawa zote za jamii ya afyuni. Maumivu yalichangia, kwa sababu mwanamke aliyeshonwa ukeni anaogopa kulegeza misuli ya chini, na usipolegeza hukojoi. Ukuta wa mbele uliokazwa huvimba kwa siku kadhaa na kubana shingo ya kibofu, na hiyo huenda ndiyo iliyokuwa sababu kubwa. Hakuwa pia amepata choo kikubwa tangu aondoke Idjwi.

Kisha kuna jambo ambalo lilinihuzunisha zaidi ya yote, kwa kuwa lilikuwa likitungoja tangu siku ya kupokelewa. Nilimuuliza mkamwana jinsi mama alivyokuwa akikojoa nyumbani. Akatazama chini, akasema mama mkwe wake hukaa muda mrefu, na ni lazima asukume kizazi ndani kwa vidole ndipo mkojo utoke. Miaka. Kizazi kinaposhuka hivyo hukunja mrija wa mkojo kama mtu anavyokunja mpira wa maji bustanini, na kibofu kinazoea kubaki na akiba. Kwa mgonjwa wa namna hiyo mkojo unaobaki baada ya kukojoa hupimwa kabla ya upasuaji. Hatukupima. Fishi ya kupokelewa ilikuwa na mstari wa idadi ya watoto, mstari wa hedhi ya mwisho, mstari wa presha. Swali hilo halikuwa na mstari.

Kibofu kilichonyooshwa kupita kiasi hakirudi siku hiyohiyo. Misuli yake huvutika hadi damu ikashindwa kupita vizuri, nayo inahitaji mapumziko. Tukaweka tena Foley, tukaiacha siku tatu. Usikae nayo muda mrefu bila sababu, maana kila siku moja ya sondi huongeza uwezekano wa vijidudu kuingia kwenye mkojo kwa kama asilimia 3 hadi 7. Tukapunguza tramadoli, tukaweka parasetamoli na ibuprofeni kwa saa zilizopangwa, tukampa dawa ya choo.

Siku ya tano ndipo tukafanya kile tulichopaswa kufanya siku ya kwanza: jaribio la kukojoa lenye namba. Ziko njia mbili. Ya kwanza unatoa sondi, unangoja saa 4 hadi 6, mtu akojoe mwenyewe kwenye chombo, kisha unapima kilichobaki. Ya pili unajaza kwanza: kibofu kikiwa kitupu, unaingiza mililita 300 za maji ya chumvi kupitia sondi ileile, kwa bomba la sindano la mililita 50 lililoondolewa kisukumio, maji yashuke kwa uzito wake, akiomba mapema unasimama hapo na kuandika. Unatoa sondi, anakojoa ndani ya nusu saa, unapima. Akitoa theluthi mbili au zaidi, yaani 200 kati ya 300, amefaulu. Mimi naipenda ya pili. Inatoa jibu kabla wodi haijabadilisha zamu, na inabashiri vizuri zaidi. Ya kwanza hutegemea mtu kukumbuka kurudi baada ya saa 5, na wodi yenye wauguzi wawili haikumbuki.

Chombo cha kupimia tulikitengeneza: chupa ya maji ya lita 1 na nusu, tukakata shingo, tukajaza kwa bomba la 50 na kuchora mstari kwa kalamu kila mara. Kilichobaki kibofuni unaweza kukipima kwa ekografi (picha ya mawimbi ya sauti), urefu mara upana mara kina mara 0.52, au kwa Nélaton, ambayo haibahatishi.

Tukajaza 300. Akatoa 110. Nélaton ikatoa 190. Ameshindwa.

Hapa daktari na mimi tulitofautiana, na bado naamini nilikuwa na hoja. Namba zilikuwa sahihi. Jaribio lenyewe je? Mama alikuwa amekalishwa juu ya beseni la kitandani, miguu inaning'inia, pazia lina tundu, wastajeri (wanafunzi wa mazoezi) watatu wanasimama wakiandika, mmoja wao mvulana wa umri wa mjukuu wake. Huyu ni mtu ambaye tangu azaliwe amekojoa akichuchumaa, nyuma ya migomba, peke yake. Ukinikalisha mimi hivyo na kibofu changu kizima, sidhani ningefika 110. Hatukupima kibofu tu. Tulipima na haya yake. Nilitaka turudie alasiri ileile mahali pa faragha. Daktari alisema kibofu kilichobeba 1,150 hakitapata nguvu kati ya asubuhi na alasiri, tusikichokoze. Huenda alikuwa sahihi. Alishinda.

Likabaki swali la jinsi ya kwenda nyumbani. Njia ninayoipendelea ni mgonjwa kujiwekea Nélaton mwenyewe mara nne au tano kwa siku kwa mikono safi, na kuitoa. Daktari Mmarekani Jack Lapides alionyesha mwaka 1972 kwamba usafi wa kawaida unatosha, haihitaji glavu za chumba cha upasuaji, kwa sababu kinacholeta maambukizi zaidi ni mkojo uliolala. Nikaeleza kwa kioo na picha. Mama alinisikiliza hadi mwisho kwa heshima.

«Docta, mwanangu,» akasema (huku kila aliyevaa koti jeupe ni docta), «nijitie mpira mwenyewe? Hapana. Niachie huo wa kukaa.»

Mkamwana akajitolea kumfanyia. Mama akamtazama mara moja tu, na jambo hilo likaishia hapo.

Basi akaondoka na Foley, lakini hakuvuka ziwa. Tuliomba abaki kwa mdogo wake, Kadutu, siku sita, kwa sababu sondi ikiziba Idjwi usiku hakuna mashua ya kumleta. Masharti yalikuwa machache: mfuko uwe chini ya kiuno daima, hata akilala, mpira usikunjwe wala kubanwa «ili kukizoesha kibofu», ushauri ambao majirani watampa, asafishwe kwa maji na sabuni kila siku, homa au maumivu ya mgongo, arudi hapohapo.

Alirudi siku ya kumi na moja, amepanda kutoka Kadutu polepole, mfuko umefichwa ndani ya kitenge. Safari hii nilitumia chumba cha kuogea. Beseni sakafuni, mlango umefungwa, mkamwana nje ya mlango, bomba la maji limefunguliwa kidogo, wastajeri wamepelekwa kuhesabu shuka. Tukajaza 300, kwenye 280 aliomba kwa nguvu, tukamaliza taratibu. Nikatoa sondi na kutoka. Nilimwambia asikamue, kwa sababu kukamua kunavuta nyuzi za ukuta wa mbele. Akimaliza asimame, ahesabu hadi mia, achuchumae tena.

Mara ya kwanza 230. Mara ya pili 35. Nélaton ikatoa 40. Zikizidi 300 kidogo usishangae, figo hazikai bure huku tukihangaika. Tulimngoja kwa saa 4 akinywa kama kawaida, akakojoa mwenyewe 280, ekografi ikaonyesha kama 50. Maabara ilikuta chembe nyeupe nyingi kwenye mkojo, naye alikiri kuungua kidogo baada ya kuulizwa mara mbili, akapewa nitrofurantoini, dawa ya kuua vijidudu vya mkojo, ya siku tano.

Wakati mkamwana akifunga mzigo, mama aliniomba apite wodini. Nilidhani amesahau kitu. Akaenda moja kwa moja kwenye kitanda cha pembeni, kwa yule mwanamke aliyekuwa bado hajaruhusiwa na ambaye, nilikuja kujua siku ile, ndiye aliyetamka kwanza neno fistula usiku ule. Akamsalimu vizuri, akamuuliza hali ya mtoto. Kisha akageuka, akampa mgongo, akakinyoosha kitenge kwa mikono miwili.

«Tazama,» akasema. «Tazama vizuri, mama. Gusa.»